Mapango ya Mfangano na msitu wa mawe wa Rusinga: Ziara fupi kutoka Remba

KATIKA kisiwa cha Remba, usiku usio na mwezi ndio usiku wa kazi. Jua likishazama upande wa Uganda, mashua huondoka ufuoni na kutawanyika, kila moja ikiwa na taa zake zinazoelea juu ya maji, na baada ya saa chache ziwa zima huonekana kama mji mkubwa usio na barabara. Zamani taa hizo zilikuwa karabai za mafuta ya taa. Leo nyingi ni za betri au za nguvu za jua. Kazi yake haijabadilika. Mwanga huwavuta wadudu na vijidudu vya majini, vijidudu huwavuta omena, na nyavu huwasubiri omena.

Hila hiyo hiyo ya kutumia mwanga kuwa chambo ndiyo iliyoyapatia umaarufu mapango ya Waitomo nchini New Zealand, ambako watalii hupandishwa mashua gizani ili watazame dari lililojaa nukta za buluu na kijani. Wengi huwaita viumbe hao minyoo ing'aayo, na wengine huwafananisha na vimulimuli wetu. Majina yote mawili yana walakini. Kimulimuli wa huku kwetu ni mdudu wa jamii ya mbawakawa, ambaye humulika ili kumwita mwenzake. Kiumbe wa Waitomo ni buu la usubi. Hukaa darini kwa miezi kadhaa, huning'iniza nyuzi zenye ulimbo, kisha huwasha mwanga tumboni mwake ili wadudu wadogo waudhanie kuwa anga, waruke kuufuata na wanase.

Hatuna mabuu kama hayo katika visiwa vya Ziwa Victoria, na msomaji asifunge safari akiyatarajia. Lakini mtu aliyefika Remba, ama kwa biashara ya samaki ama kwa udadisi tu, yumo katika masafa ya mashua ya kufikia mapango yenye michoro ya kale, msitu uliohifadhiwa kwa miiko, na msitu mwingine wa kale zaidi ambao umegeuka jiwe. Vyote vitatu huweza kutembelewa kwa siku mbili, na mtu mwenye haraka huweza kuchagua kimoja. Watalii wanaozuru vyote ni wachache mno ukilinganisha na wanaokwenda Maasai Mara, ambayo nayo iko upande huu wa magharibi mwa nchi.

Remba yenyewe haimshikilii mgeni kwa muda mrefu. Ni kisiwa kidogo katika Kaunti ya Homa Bay, nyumba za mabati zimesongamana hadi ukingoni mwa maji, na wavuvi wa Kenya, Uganda na Tanzania wanaishi humo bega kwa bega. Kutoka hapo mashua za samaki na abiria huelekea mashariki, Mfangano kwanza, kisha Rusinga na Mbita. Heri kuondoka asubuhi, maana upepo wa alasiri huyachafua maji, na heri zaidi kukataa mashua isiyo na jaketi za kuokolea maisha hata ikiwa nauli yake ni nafuu.

Mfangano ni kisiwa cha milima. Wenyeji wake ni Abasuba, watu wa asili ya Kibantu ambao wazee wao walivuka kutoka upande wa Uganda karne kadhaa zilizopita, na ambao wengi wao leo huzungumza Kijaluo kuliko Kisuba. Hapo ndipo palipo na Makumbusho ya Amani ya Jamii ya Abasuba, na hapo ndipo mgeni anapopaswa kuanzia ili apate mwelekezi. Usiende peke yako. Michoro haimo kando ya barabara, na ardhi ilimo ina wenyewe.

Pango la Mawanga lina mdomo mpana na dari linaloshuka kuelekea nyuma, hivi kwamba mtu mzima huingia wima na kumalizia akiwa ameinama. Michoro iko juu ya mwamba: duara ndani ya duara, nyekundu na nyeupe, na mmoja wenye miale kama ya jua. Hakuna mnyama wala mwindaji aliyechorwa. Wenyeji husema ni kazi ya Batwa, watu wafupi waliowinda na kuokota matunda katika eneo hili kabla ya wakulima na wafugaji kufika, na watafiti wengi wa michoro ya miambani wanakubaliana nao, kwa kuwa michoro ya namna hiyo imetapakaa sehemu nyingine za ukanda wa Ziwa Victoria. Waliohamia baadaye hawakuifuta. Ukoo wa Wagimbe uliifanya Mawanga kuwa mahali pa kuombea mvua, na kwa njia hiyo maduara ya watu waliotoweka yakapata walinzi wapya.

Kwitone iko upande mwingine wa kisiwa, juu zaidi, na njia yake hupita msituni. Huu ndio msitu wa kale kwa maana ya kawaida ya neno hilo: miti mikubwa ambayo haikukatwa kwa sababu mahali pale paliogopwa. Ukoo wa Wasamo ndio waliopalinda. Mtu akisimama chini ya mwamba wa Kwitone huliona ziwa lote likiwa wazi mbele yake, naye huelewa upesi kwa nini mtu wa kale angependa kuchora hapo.

Hapa nadhani inafaa kusema waziwazi kinachoyatishia mapango haya. Rangi nyekundu ya michoro hutokana na udongo wenye chuma, nayo ingeweza kudumu karne nyingi zijazo kama ingeachwa. Lakini jasho na mafuta ya kidole huing'oa kidogo kidogo. Moshi wa moto unaowashwa pangoni huifunika. Baya zaidi ni tabia ya baadhi ya wageni ya kuumwagia mwamba maji ili rangi ing'ae kwenye picha. Maji hayo huyeyusha chumvi za mwamba na kuacha utando mweupe usiotoka. Sehemu kadhaa za Afrika Mashariki zimeharibiwa pia na watu wanaoandika majina yao juu ya michoro. Zamani mtu asingethubutu, kwa kuwa aliogopa laana au ghadhabu ya ukoo. Leo kijana aliyesoma haogopi laana, na hajapewa sababu nyingine ya kujizuia.

Kutoka Mfangano mashua huendelea hadi Rusinga, kisiwa ambacho kiliunganishwa na Mbita kwa tuta katika miaka ya 1980 na sasa kina daraja. Wakenya wengi hukijua kama mahali alipozikwa Tom Mboya, aliyeuawa Nairobi mwezi Julai 1969. Wanasayansi wa dunia hukijua kwa sababu nyingine, na safari ya miguu katika mabonde yake makavu yahitaji mwelekezi anayejua kutofautisha jiwe na jino.

Takriban miaka milioni 18 iliyopita Ziwa Victoria halikuwako. Palikuwa na volkano kubwa, Kisingiri, ambayo mabaki yake ni milima ya Gwassi na Rangwa inayoonekana ng'ambo. Volkano hiyo ilitapika majivu yenye kalsiamu nyingi, ya aina inayofanana na yale ya Ol Doinyo Lengai nchini Tanzania. Hilo ndilo jambo lililoifanya Rusinga kuwa hazina. Kwa kawaida udongo wa msituni una asidi, na mifupa inayoanguka humo huoza ikaisha. Majivu ya Kisingiri yaliifunika misitu na wanyama wake, na kalsiamu yake ikaihifadhi mifupa, mbegu, majani, hata wadudu.

Mnamo Oktoba 1948, Mary Leakey aliokota hapa fuvu la nyani asiye na mkia, la kale kuliko mafuvu yote ya jamii hiyo yaliyokuwa yamepatikana hadi wakati huo. Lilipelekwa Uingereza kwa uchunguzi na likarejea Kenya mwaka 1982. Kwa miaka mingi kiumbe huyo aliitwa Proconsul, jina la mzaha lililotokana na sokwe wa maonyesho wa Ulaya. Mwaka 1993 aina ya Rusinga iliitwa heseloni kwa heshima ya Heslon Mukiri, Mkenya aliyefanya kazi na akina Leakey kwa muda mrefu, na mwaka 2015 wataalamu wakaitenga aina hiyo katika kundi jipya walilolipa jina la Kisuba, Ekembo. Lugha ambayo watoto wa Mfangano wanaisahau sasa imo katika vitabu vya sayansi vya ulimwengu mzima.

Kisa ninachokipenda zaidi ni cha shimo. Mwaka 1951 mtafiti Thomas Whitworth alichimbua mwamba wa mviringo uliojaa mifupa, akaudhania kuwa shimo lililochimbwa na maji mtoni. Miongo mitatu baadaye watafiti waliorudi kuuchunguza waligundua kwamba halikuwa shimo la mto hata kidogo. Lilikuwa shina la mti mkubwa lenye uwazi ndani, lililozikwa likiwa wima katika majivu. Mti ulioza, umbo lake likabaki, na ndani yake kukawa na mifupa ya Ekembo pamoja na ya wanyama wengine. Yamkini wengine waliishi humo na wengine waliburutwa humo na mnyama mla nyama.

Mwaka 2014 kundi la watafiti, baadhi yao wa Chuo Kikuu cha Baylor cha Marekani, lilitangaza kwamba limepata visiki vya miti, mizizi na majani katika tabaka lile lile lenye mifupa ya nyani hao. Majani yalionyesha hali ya joto na mvua nyingi; visiki vilionyesha miti iliyosimama karibu karibu hadi matawi yake yakaziba anga. Kabla ya hapo watu walibishana iwapo babu hao wa mbali wa nyani wakubwa waliishi msituni au katika mbuga zenye miti michache. Rusinga ilitoa jibu: angalau hapo, wakati huo, palikuwa na msitu mnene. Leo mgeni husimama juu ya kisiki hicho cha jiwe, huku mbuzi wakilisha jirani na mti wa kivuli ukiwa mbali.

Waitomo inafaa kukumbukwa hapa kwa jambo moja zaidi. Pango lile lilichunguzwa mwaka 1887 na chifu wa Wamaori, Tane Tinorau, pamoja na mpima ardhi Mwingereza, Fred Mace. Chifu akaanza kuwatembeza watalii mwaka 1889. Mwaka 1906 serikali ikalichukua. Ilichukua hadi 1989 kwa ardhi na pango kurejeshewa wajukuu wa wenye mali, ambao leo hupata sehemu ya mapato na wengi wao hufanya kazi hapo. Kwa maoni yangu, kaunti yetu ingefanya vyema kuitazama historia hiyo kabla ya kujenga lango na kibanda cha tikiti Mawanga. Ukoo ulioombea mvua pangoni utalilinda vizuri zaidi ukiwa na fungu katika ada ya mgeni kuliko ukisomewa tangazo la marufuku.

Sheria ipo. Sheria ya Makavazi na Turathi za Kitaifa ya mwaka 2006 inakataza kuchimba au kuchukua visukuku bila kibali. Jambo hili lina uzito wa pekee Rusinga, kwa kuwa kila mvua ya masika huchonga mabonde na kufichua mifupa mipya, na mvua hiyo hiyo, isipookotwa mifupa hiyo na wataalamu mapema, huivunja na kuipeleka ziwani. Ukiona jino au kipande cha mfupa chini, kiache kilipo hata kama ni kidogo kama punje ya mahindi, kwa sababu mahali kilipolala ndipo penye nusu ya habari zake. Muite mwelekezi, mwonyeshe, naye atajua Makavazi ya Kitaifa yataarifiwaje. Kofia na maji ya kunywa ni ya lazima, maana msitu huu hauna kivuli. Anayekusudia kulala Remba afike Mbita mapema, kwa kuwa mashua za jioni huondoka zikiwa zimeshajaa wachuuzi na barafu ya samaki.