Kazi Ngumu ya Usiku wa Oscar

Aprili 6, 1959, sherehe ya tuzo za Oscar katika ukumbi wa Pantages, Hollywood, iliisha mapema. Ilibakiza dakika 20 nzima, na televisheni ya NBC ilikuwa hewani moja kwa moja. Mtayarishaji alikuwa amehofia kuzidisha muda, akapunguza mambo mpaka akapitiliza. Washindi walikwisha kutajwa, mastaa wamejazana jukwaani kuimba wimbo wa kufungia, na hakuna kilichobaki kwenye ratiba. Jerry Lewis, mchekeshaji aliyekuwa kwenye zamu ya ushereheshaji, akawataka waanze kucheza dansi wao kwa wao. Akanyakua kijiti cha kiongozi wa bendi, akaongoza muziki mwenyewe, akatania kila alichoweza kukitania. Mmoja mmoja watu wakateremka na kwenda zao. Mwishowe NBC ikakata matangazo na kuweka filamu fupi ya mashindano ya kulenga shabaha kwa bastola.

Usiku huohuo David Niven, aliyekuwa miongoni mwa washereheshaji, alitwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Hajatokea mwingine aliyeshinda Oscar katika sherehe aliyokuwa akiiendesha.

Ukilinganisha na MC wa harusi ya Dar es Salaam, mshereheshaji wa Oscar ana mzigo wa ajabu. MC wa harusi amepewa watu waliokwisha amua kufurahi. Huyu wa Oscar anapewa ukumbi wa watu wenye wasiwasi, ambao katika vipengele vingi wanne kati ya watano wataondoka mikono mitupu. Kila bahasha ikifunguliwa, mmoja analia kwa furaha na wanne wanalazimisha tabasamu mbele ya kamera. Kufika saa ya tatu ya sherehe, ukumbi umejaa walioshindwa, na bado wanatakiwa wacheke. Nyumbani nako wako mamilioni wanaotaka utani mkali zaidi, hasa ukiwagusa haohao waliokaa viti vya mbele.

Mwanzoni hapakuwa na shida hiyo. Akademia ya filamu ya Marekani iliasisiwa mwaka 1927, na aliyeisukuma zaidi, Louis B. Mayer wa studio ya MGM, alikuwa akifikiria zaidi namna ya kuzuia vyama vya wafanyakazi visiingie studio kuliko kugawa vikombe. Tuzo zilikuja baadaye. Mei 16, 1929, wageni wapatao 270 walikula chakula cha jioni katika hoteli ya Roosevelt, Hollywood, kwa tiketi ya dola 5. Majina ya washindi yalikuwa yamekwisha tangazwa miezi mitatu nyuma. Douglas Fairbanks, nyota wa filamu za bubu na rais wa akademia, aligawa tuzo zote kwa dakika kama 15. Mwigizaji bora wa kiume, Emil Jannings, hakuwepo hata ukumbini. Alikuwa amepewa sanamu yake mapema akarudi Ujerumani.

Redio ndiyo iliyobadilisha mambo kuanzia 1930. Msikilizaji wa nyumbani hali chakula cha hoteli wala haoni magauni, kwa hiyo lazima awepo mtu wa kumshika masikio.

Mtu huyo akawa Bob Hope. Aliiendesha sherehe mara 19, kuanzia 1940 hadi 1978, rekodi ambayo haijakaribiwa na yeyote. Utani wake mkuu ulikuwa juu ya nafsi yake: kwamba kila mwaka anagawa tuzo za wenzake na ya uigizaji haimfikii. Ni kweli hakuwahi kuipata, ingawa akademia ilimpa heshima maalumu mara tano. Mchekeshaji anayejiweka upande wa walioshindwa ana marafiki wengi ukumbini, na Hope aliijua hesabu hiyo kuliko wote.

Lakini usiku wake wa kwanza una kivuli kirefu. Sherehe ya 1940 ilifanyika katika hoteli ya Ambassador, Los Angeles, ambayo haikuwaruhusu Weusi. Hattie McDaniel, aliyeteuliwa kwa nafasi yake katika *Gone with the Wind*, aliingia kwa kibali maalumu kilichoombwa na mtayarishaji wa filamu hiyo, na akaketishwa kwenye meza ndogo kando ya ukuta, mbali na wenzake. Akashinda, akawa Mweusi wa kwanza kupata Oscar. Ilipita miaka 51 kabla ya mwanamke mwingine Mweusi kushinda tuzo ya uigizaji: Whoopi Goldberg, mwaka 1991. Mwaka 1994 Goldberg huyohuyo akawa mwanamke wa kwanza kuiendesha sherehe peke yake.

Televisheni iliingia 1953, na pamoja nayo hatari ya kuonekana. Mwaka 1974 mwanamume aliye uchi wa mnyama alipita mbio nyuma ya David Niven, akiwa hewani. Niven, bila kupandisha sauti, alisema maskini huyo labda hatapata kicheko kingine maishani ila kwa kuvua nguo na kuonyesha upungufu wake. Ukumbi ukalipuka.

Wasimamizi wamejaribu pia kuishi bila mshereheshaji. Mwaka 1989 walianza kwa muziki mrefu ambamo mwigizaji Rob Lowe aliimba na binti aliyevaa kama Snow White. Kampuni ya Disney, ikidai sura hiyo ni yake, ikafungua kesi. Mwaka uliofuata aliitwa mchekeshaji Billy Crystal, ambaye kwa jumla aliifanya kazi hiyo mara tisa, akianza kwa nyimbo za kuzitania filamu zilizoteuliwa. Mwaka 1992 alisukumwa jukwaani kwenye kitoroli, amefungwa kinyago cha Hannibal Lecter, muuaji wa kwenye filamu.

Wakenya wengi wanaukumbuka zaidi usiku wa mchekeshaji Ellen DeGeneres, Machi 2014, uliokuwa kwao alfajiri ya Jumatatu. DeGeneres aliagiza piza na kuwagawia mastaa waliokuwa na njaa, na pia akawakusanya kwa picha ya simu iliyosambazwa zaidi ya mara milioni tatu. Ndani ya picha ile yumo Lupita Nyong'o, aliyeshinda usiku huohuo tuzo ya mwigizaji msaidizi wa kike kwa filamu ya *12 Years a Slave*.

Siku hizi kazi hii haigombewi sana. Mchekeshaji Jimmy Kimmel alisema alilipwa dola 15,000 kuiendesha sherehe ya 2017, na sehemu ya kazi hiyo ilikuwa kusimama katikati ya fujo pale *La La Land* ilipotajwa kimakosa badala ya *Moonlight*, kwa sababu ya bahasha isiyo sahihi. Mchekeshaji Kevin Hart alijiuzulu kabla ya sherehe ya 2019 baada ya maneno yake ya zamani kuhusu mashoga kufufuliwa, na hakuwekwa wa kuziba nafasi yake. Watazamaji wa Marekani wakaongezeka, kutoka milioni 26.5 hadi 29.6. Mwaka 2022 waliajiriwa washereheshaji watatu, na hakuna hata mmoja aliyekuwa jukwaani mwigizaji Will Smith alipompiga kofi mchekeshaji Chris Rock.

Hata hivyo, mwaka 2021, bila mshereheshaji tena, watazamaji waliporomoka hadi milioni 10.4, wakati sherehe ya 1998, iliyotawaliwa na *Titanic*, iliwavuta zaidi ya milioni 55. Tangu hapo kiti hakijaachwa wazi: Kimmel alirudi, kisha akapewa Conan O'Brien. Sherehe ya 100 itakuwa ABC mwaka 2028. Kuanzia 2029 matangazo yanahamia YouTube, bure, na muda wa sasa usipobadilika, kwa mtazamaji wa Mombasa au Mwanza yatakuwa yakianza karibu saa nane za usiku.