Kuchubua, Mkorogo na "Urangi": Istilahi za Ubaguzi wa Ngozi

Watafsiri huuliza mara kwa mara: tuseme nini juu ya mazoea ya kumpendelea mwenye ngozi nyeupe na kumdharau aliye mweusi zaidi, hali wote wawili ni watu wa jamii moja, pengine wa tumbo moja? Kiingereza kina neno kwa dhana hii, nalo Alice Walker, mwandishi wa Marekani, alilitumia katika kitabu chake cha mwaka 1983.

"Ubaguzi wa rangi" hautoshi. Msomaji wetu akisikia maneno hayo hukumbuka wakoloni na Makaburu, wala hamkumbuki shangazi anayemchagulia mpwawe mchumba "mweupe". Aidha, "urangi", kwa kufuata mfano wa "ukabila", litaleta utata: tunao ndugu zetu Warangi wa Kondoa. Kwa hiyo tunapendekeza "upendeleo wa weupe wa ngozi". Ni refu, lakini halipotoshi.

Msamiati wa mitaani ni mpana. Huko Manzese, Ubungo, au Mbagala, Temeke, "mweupe" si Mzungu, bali ni Mwafrika ambaye rangi yake haikukoza. Baina yake na "mweusi tii" yuko "maji ya kunde". "Mkorogo", kutokana na kitenzi "koroga", ni mchanganyiko wa krimu na vitu vinginevyo unaopakwa ili kuondoa weusi. Anayeutumia husemwa "anajichubua", na kuchubua ni kuondoa ngozi ya juu, kama afanyavyo aliyekwaruzwa.

Hapa ndipo uteuzi wa neno unapogusa afya za watu. Zebaki hudhuru figo, na haidrokwinoni huzuia ngozi kutengeneza rangi yake. Vipodozi vyenye kemikali hizo vimepigwa marufuku nchini, na tangu 2019 udhibiti wa vipodozi uko chini ya Shirika la Viwango Tanzania. Ofisa anayeandika onyo juu ya "krimu za kung'arisha ngozi" amekwisha kuzisifu kabla ya kuzikataza, kwani kung'aa ni jambo jema. Na aandike "vipodozi vya kuchubua ngozi". Mama wa Mbagala ataelewa mara moja.

Hata hivyo, istilahi peke yake haiondoi kasoro. Nchini India, krimu iitwayo Fair & Lovely, iliyoanza kuuzwa mwaka 1975, ilibadilishwa jina mwaka 2020 ikawa Glow & Lovely. Jina la weupe liliondoka, bidhaa ikabaki dukani. Walimu, basi, wafundishe neno pamoja na dhana yake.