Magazini kwanza, chemba baadaye: Jinsi ya kusafisha bastola ya mfukoni bila ajali

Brashi haifyatui risasi. Mafuta nayo hayafyatui risasi. Mtu anayejipiga risasi akisafisha bastola kwa kawaida amekosea kabla hata hajashika brashi: aliamini silaha ni tupu, kumbe ndani imebaki risasi moja.

Kwenye bastola ndogo za mfukoni, kosa hilo ni rahisi zaidi kutokea. Sehemu zake ni ndogo, zinabana, na wengi huibeba kila siku ikiwa tayari na risasi. Halafu ndiyo hiyo hiyo inayohitaji kusafishwa mara kwa mara, maana mfukoni inakutana na jasho, vumbi na nyuzi za nguo.

Mfano mzuri wa kuelezea jambo hili ni Ruger LCP, moja ya bastola za mfukoni zinazojulikana sana Marekani.

LCP ni bastola ya aina gani?

Kampuni ya Ruger, iliyoanzishwa mwaka 1949, iliingiza LCP sokoni mwaka 2008. Ina urefu wa sentimita 13 hivi, unene wa sentimita 2, na bila risasi ina uzito wa gramu 270 hivi. Haipishani sana na simu kubwa ya kisasa, ndiyo maana inaingia mfuko wa suruali bila kuonekana.

Inatumia risasi ya .380, iliyobuniwa na Mmarekani John Browning na kuingia sokoni mwaka 1908. Magazini yake ya kawaida inabeba risasi 6. Risasi ya 7 inaweza kukaa kwenye chemba, yaani kile chumba cha nyuma ya mtutu ambamo risasi inasubiri kufyatuliwa.

Hiyo ya 7 ndiyo inayoleta msiba.

Kwa nini kutoa magazini peke yake hakutoshi

Kuna mambo matatu ambayo mwenye LCP ya toleo la kwanza anapaswa kuyajua kabla ya kuifungua.

Kwanza, bastola hii inaweza kufyatua hata kama magazini imetolewa. Zipo bastola zenye kifaa kinachozuia hilo. LCP haina. Kama kuna risasi kwenye chemba na mtu akavuta kifyatulio, au triga kama wengi wanavyoiita, italia.

Pili, haina kitufe cha usalama cha kusukuma kwa kidole. Kinga yake kubwa dhidi ya kufyatuka kwa bahati mbaya ni triga yenyewe, ambayo ni ndefu na inahitaji kuvutwa kwa makusudi.

Tatu, slaidi yake, yaani kile chuma cha juu kinachokwenda nyuma na mbele, haibaki nyuma yenyewe risasi zikiisha. Kwenye bastola nyingi kubwa, slaidi ikibaki nyuma mtu anaona kwamba zimeisha. Kwenye LCP ya kwanza slaidi inajifunga kama kawaida. Ukiitazama kwa juu juu, yenye risasi na isiyo na risasi zinafanana.

Mpangilio ndio kila kitu

Hapa ndipo watu wengi wanapojikwaa. Hatua za kuondoa risasi ni mbili tu: kutoa magazini na kuvuta slaidi. Lakini ukizigeuza, zinakuwa mtego.

Tuseme mtu ameanza kwa kuvuta slaidi wakati magazini bado iko ndani. Risasi iliyokuwa kwenye chemba inaruka nje, anaiona ikianguka mezani, anaridhika. Slaidi inaporudi mbele, inasukuma risasi nyingine kutoka kwenye magazini na kuiingiza kwenye chemba. Kisha anatoa magazini.

Sasa ana magazini mkononi, risasi moja mezani, na moyo umetulia. Bastola bado ina risasi.

Ndiyo maana mpangilio hauna mjadala: magazini kwanza, chemba baadaye.

Utaalamu haumkingi mtu

Aprili 2004 huko Orlando, jimbo la Florida, ofisa wa shirika la serikali ya Marekani la kupambana na dawa za kulevya alikuwa akizungumza na watoto na wazazi kuhusu usalama wa silaha. Alitoa magazini, akaonyesha kuwa bastola ni tupu, akajisifu kuwa ndiye pekee chumbani mwenye utaalamu wa kuibeba. Muda mfupi baadaye ikalia, risasi ikampata mguuni. Kamera ilikuwa inarekodi, na video hiyo imesambaa duniani kote.

Jeff Cooper, mwanajeshi wa zamani aliyeanzisha chuo cha mafunzo ya bastola jimboni Arizona mwaka 1976, ndiye aliyeeneza kanuni nne zinazofundishwa hadi leo. Ya kwanza inasema kila silaha ichukuliwe kuwa ina risasi, wakati wote. Ya pili, mdomo wa silaha usielekezwe kwenye kitu ambacho mtu hayuko tayari kukiharibu. Ya tatu, kidole kisiguse triga hadi shabaha iwe tayari. Ya nne, mtu awe na uhakika na shabaha yake na kilicho nyuma yake.

Kanuni hizo hazina kifungu kinachosema "isipokuwa wakati wa kusafisha".

Kabla ya kuifungua

Risasi zote zikae chumba kingine. Siyo pembeni ya meza, siyo kwenye droo ya meza hiyo hiyo. Watoto wasiwepo, simu iwekwe mbali, TV izimwe. Hii siyo kazi ya kufanya huku mtu akichati.

Mdomo wa bastola uelekee mahali ambapo risasi ikitoka haitamdhuru mtu. Ndoo iliyojaa mchanga inasaidia. Ukuta mwembamba wa chumba hausaidii, kwa sababu upande wa pili kuna jirani.

Baada ya hapo, hatua ni hizi:

1. Kidole kiwe nje ya triga, kimelala ubavuni mwa bastola.

2. Toa magazini na uiweke mbali.

3. Vuta slaidi hadi nyuma. Kama kuna risasi kwenye chemba, itaruka nje. Iache ianguke, usijaribu kuidaka.

4. Vuta slaidi tena, kisha sukuma juu kikomeo kidogo cha pembeni ili slaidi ibaki nyuma.

5. Tazama ndani ya chemba kwenye mwanga wa kutosha. Halafu ingiza ncha ya kidole kidogo na upapase. Macho yanaweza kudanganywa na kivuli, kidole hakidanganyiki.

6. Tazama pia tundu la chini linaloingia magazini. Linatakiwa kuwa wazi.

Kama simu imeita katikati, au mtu amesimama kufungua mlango, akirudi anaanza upya namba 1. Hata kama ana uhakika.

Kuifungua

LCP ina faida moja kubwa: haihitaji kuvuta triga ili ifunguke. Siyo bastola zote ziko hivyo. Glock 42, bastola nyingine ndogo ya risasi ya .380 iliyotoka mwaka 2014, inahitaji triga ivutwe kabla ya slaidi kutolewa. Mwenye Glock aliyeruka ukaguzi wa chemba atapata jibu kwa mlio.

Kwenye LCP, slaidi hurudishwa mbele taratibu, kisha huvutwa nyuma milimita chache tu na kushikiliwa hapo. Upande wa kushoto wa fremu kuna pini inayoshikilia kila kitu. Kichwa chake huinuliwa kwa bisibisi ndogo bapa, kisha pini huvutwa nje. Kifaa cha plastiki au shaba kinafaa zaidi, maana chuma huacha mikwaruzo.

Pini ikitoka, slaidi inateleza mbele na kuachana na fremu. Ndani yake kuna springi zilizobanwa kwenye kijiti chini ya mtutu. Hizi ni za kuogopa kidogo: zikiteleza mkononi zinaruka kwa nguvu. Miwani ya kukinga macho inahitajika hapa. Springi hubanwa kuelekea mbele, zikainuliwa na kutolewa, halafu mtutu unatoka.

Sasa mezani kuna vipande vichache: fremu, slaidi, mtutu, springi na kijiti chake, pini, na magazini. Inatosha. Kufungua zaidi ya hapo ni kazi ya fundi wa silaha.

Kuisafisha

Mtutu ndio unaoanza. Brashi iliyoloweshwa dawa ya kusafishia silaha hupitishwa kuanzia upande wa chemba kutokea mdomoni, siyo kinyume, ili uchafu utoke nje na mdomo wa mtutu usichubuke. Kisha vipande vya kitambaa safi hupitishwa kimoja kimoja hadi kimoja kitoke bila weusi.

Sehemu ya slaidi inayogusana na kitako cha risasi hujaa masizi. Mswaki wa zamani unaitosha. Mswaki huo huo unapitishwa kwenye ndoano ndogo inayovuta ganda la risasi, na kwenye mifereji ambamo slaidi inateleza. Kwa bastola ya mfukoni, nyuzi za nguo zitakutwa kila mahali, hasa karibu na triga.

Fremu ya LCP ni ya plastiki ngumu, kwa hiyo dawa inayotumika lazima iwe imeandikwa kuwa haiharibu plastiki. Slaidi ni ya chuma kinachoweza kupata kutu, na jasho ni adui wake mkubwa.

Mafuta yawe kidogo. Tone moja kwenye kila mfereji, na tone lililopakwa nje ya mtutu pale unaposuguana na slaidi. Mengi zaidi yanakusanya vumbi na kugeuka tope. Tundu la pini inayogonga risasi na ndani ya magazini havipakwi mafuta, kwa sababu mafuta yakipenya kwenye risasi yanaweza kuifanya isilipuke inapohitajika.

Sumu isiyoonekana

Masizi ya bastola yana madini ya risasi, yale yale yaliyopigwa marufuku kwenye petroli ya magari. Yanatoka kwenye kichwa cha risasi na pia kwenye kemikali ya kulipulia iliyoko kitakoni. Yakiingia mwilini yanakaa, na wanaoumia zaidi ni watoto, hasa ubongo wao.

Kwa hiyo meza ya chakula haifai kwa kazi hii. Glovu zivaliwe, dirisha liwe wazi, pasiwe na moto wala sigara kwa sababu dawa nyingi zinashika moto. Hakuna kula wala kunywa hadi mikono ioshwe kwa sabuni. Vitambaa vilivyotumika vitupwe mbali na watoto.

Kuirudisha

Mpangilio unageuzwa: mtutu, springi, kisha slaidi inarudishwa kwenye fremu. Slaidi inavutwa nyuma kidogo hadi matundu yakutane, pini inaingizwa na kusukumwa hadi kichwa chake kilale sawa na fremu. Pini iliyochomoza ina maana kazi haijaisha.

Slaidi ivutwe mara kadhaa bila magazini. Iende na kurudi kwa ulaini. Ikikwama, usilazimishe: fungua tena, au peleka kwa fundi. Kitabu cha maelekezo kilichokuja na bastola ndicho chenye neno la mwisho, kwa sababu matoleo yanatofautiana.

Jambo jingine kwa wenye LCP za zamani: Oktoba 2008 Ruger yenyewe iliziita kiwandani bastola ambazo namba zake zinaanza na 370. Ilibainika kuwa zikianguka kwenye sakafu ngumu huku kuna risasi kwenye chemba, zinaweza kufyatuka zenyewe. Kampuni ilizirekebisha bure. Anayenunua ya mtumba aangalie namba hiyo kwanza.

Na kama siyo yako?

Tanzania ina Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015. Kenya ina Sheria ya Silaha za Moto, Sura ya 114. Kote kuwili, kuwa na bastola bila kibali ni kosa la jinai. Maelezo ya kusafisha ni ya mwenye kibali na aliyepewa mafunzo, siyo ya kila aliyeikuta bastola kabatini.

Anayeikuta bastola nyumbani asiiguse hata kwa nia njema. Awaondoe watoto chumbani, afunge mlango, na amwite mwenye nayo au polisi.

Naye mwenye nayo, kila anapoishika, hata kama ameikagua dakika tano zilizopita, anaanza pale pale: magazini kwanza, chemba baadaye, kidole nje ya triga. Ukaguzi huo hauchukui hata nusu dakika.