Kusoma wino uliofifia

Karatasi zilipomwishia, mmisionari na msafiri David Livingstone aliandika juu ya gazeti. Ilikuwa mwaka 1871, naye yuko Nyangwe, kando ya mto Lualaba, katika nchi ya Manyema ambayo leo ni mashariki mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Wino nao ulikuwa umekwisha. Alijitengenezea mwingine kwa mmea wa huko, akachukua nakala ya The Standard, gazeti la London la tarehe 24 Novemba 1869, akaigeuza upande na kuandika habari zake za kila siku akikatiza juu ya mistari iliyochapwa.

Wino ule haukudumu. Miaka ipatayo 140 baadaye chapa ya gazeti ilikuwa bado nyeusi, lakini mwandiko wa Livingstone ulikuwa umepauka hata macho yakashindwa kuutenganisha na habari za London zilizokuwa chini yake. Wasomaji waliyajua mambo ya Nyangwe kupitia kitabu kilichotoka mwaka 1874, baada ya kifo chake, kwa uhariri wa rafiki yake Horace Waller. Kitabu hicho kilitegemea daftari ambalo Livingstone aliliandika upya baadaye, akiwa ametulia. Maneno aliyoyaandika papo hapo yalibaki yamezikwa ndani ya gazeti.

Mwaka 2010 kundi la watafiti lililoongozwa na mtaalamu wa fasihi, Adrian Wisnicki, lilizipeleka kurasa hizo mbele ya kamera mjini Edinburgh. Kila ukurasa ulipigwa picha mara nyingi, kila mara chini ya mwanga wa aina moja tu: urujuanimno, buluu, kijani, nyekundu, hadi infraredi ambayo jicho la mtu haliioni. Siri ilikuwa katika wino wenyewe. Wino wa matbaa hutokana na masizi, na masizi huonekana hata chini ya infraredi. Wino wa mmea hutoweka kabisa. Ukiweka picha mbili za namna hiyo pamoja, kompyuta inaweza kupima kila nukta na kusema hii ni ya gazeti, hii ni ya mkono wa mtu. Chapa ikafifishwa, mwandiko ukakolezwa. Baadhi ya mafundi wa kazi hiyo walikuwa wameshatumia ujuzi huohuo kufufua maandishi ya Archimedes, mwanahisabati Mgiriki wa kale, yaliyofutwa na kuandikiwa sala juu yake katika karne ya 13.

Mwezi Novemba 2011 shajara ikawekwa mtandaoni, wazi kwa kila mtu.

Ndani yake mlikuwa na siku moja ambayo wanahistoria wa Afrika Mashariki na Kongo waliisubiri kwa hamu. Tarehe 15 Julai 1871 watu wa mfanyabiashara aliyeitwa Dugumbe waliingia na bunduki katika soko la Nyangwe, ambako wengi wa waliokuwapo walikuwa wanawake, wakafyatua risasi. Wengi waliokimbilia mitumbwi walizama mtoni. Makadirio ya waliokufa ambayo Livingstone aliyapata kutoka kwa wafanyabiashara wa Kiarabu wenyewe yalikuwa watu kati ya 330 na 400. Habari hizo zilifika Uingereza mwaka uliofuata, na ziliongeza shinikizo lililomfanya Sultani Barghash wa Zanzibar atie saini mkataba wa Juni 1873 uliofunga soko la watumwa la Unguja.

Shajara ya gazetini na daftari la baadaye havisemi sawasawa. Katika kurasa za gazeti Livingstone anawalalamikia kwa ukali zaidi wafuasi wake mwenyewe, watumwa wa Mabaniani aliopelekewa kutoka Unguja. Aliponakili, alilainisha. Watafiti wakauliza swali ambalo kitabu cha 1874 hakikulipa nafasi: je, wapo watu wa msafara wake walioshiriki ukatili wa siku zile? Picha hazina jibu. Mitambo ilisafisha mwandiko, ikaishia hapo. Kupima kauli mbili za mtu mmoja, na kujua kwa nini alibadili ya kwanza, kulihitaji msomi anayemjua Livingstone, anayeijua Manyema na anayeijua Zanzibar ya Barghash. Nao wanawake wa soko la Nyangwe hawakuacha karatasi ya kusafishwa.

Kisa hiki kinaonyesha vizuri mabadiliko yanayoendelea katika utafiti wa historia, lugha na fasihi. Kompyuta inawapa watafiti macho mapya na mikono mingi. Kitu cha kusomwa, na maana yake, bado vinatoka kwa watu.

Lamu inaujua ukweli huo kwa karibu. Msikiti wa Riyadha, ulioasisiwa na Habib Saleh, una hazina ya miswada ya dini, sarufi na mashairi. Kwa vizazi vingi, aliyetaka kuisoma ilimlazimu apande chombo mpaka kisiwani, ajulikane, akaribishwe, afunguliwe. Kupitia programu ya hifadhi zilizo hatarini iliyokuwa na makao yake British Library, na kazi iliyoongozwa na mwanahistoria Anne Bang, miswada hiyo ilipigwa picha ukurasa kwa ukurasa. Yenyewe haikutoka Lamu. Maktaba binafsi ya Ustadh Mahmoud Mau, imamu na mshairi maarufu wa kisiwa hicho, nayo imeingizwa katika hifadhi ya dijitali kwa juhudi za Annachiara Raia wa Chuo Kikuu cha Leiden.

Mtu wa Muscat, Zanzibar au Minneapolis anaweza leo kufungua utenzi wa zamani kwenye simu yake. Kuusoma ni habari nyingine.

Kiswahili kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu kwa karne nyingi kabla ya herufi za Kirumi kushika nafasi. Muswada mmoja wa Utendi wa Tambuka umebeba tarehe ya mwaka 1728. Lakini Kiarabu hakina herufi ya p, wala alama za irabu zinazotenganisha i na e au u na o. Waandishi wengi wa zamani walitumia herufi ileile ya be kwa sauti za b, p na mb. Kwa mwandiko huo, neno “bibi” na neno “pembe” huweza kuonekana sawa kabisa. Mtu aliyelelewa katika mashairi hachelewi, kwa sababu vina, mizani na maana ya ubeti humwambia kama mshairi anamsifia bibi au anazungumzia pembe ya ndovu. Kompyuta haina malezi hayo.

Ndiyo maana W. E. Taylor, mmisionari aliyekusanya tungo za mshairi Muyaka huko Mombasa katika karne ya 19, alimtegemea Mwalimu Sikujua, mjuzi wa mashairi na wa mwandiko huo. Programu za leo zina uhitaji uleule. Mtaalamu Kevin Donnelly alitengeneza programu iitwayo Andika!, inayosaidia kubadili maandishi ya Kiswahili kati ya herufi za Kirumi na za Kiarabu. Mashine za kutambua mwandiko wa mkono nazo hujifunza kwa kuonyeshwa kurasa ambazo binadamu amekwisha kuzisoma kwa usahihi. Pasipo akina Mwalimu Sikujua wa leo, hakuna cha kuifundisha mashine.

Katika isimu, mzigo wa kompyuta ulikuwa mwingine: vitenzi vyetu.

Mchukue mtafiti anayetaka kujua jinsi Waswahili walivyozungumzia kusoma. Akiandika “soma” katika programu ya kawaida ya kutafuta maneno, hatalipata “hawakutusomesha”, wala “kisomo”, wala “msomi”. Akipunguza hadi “som”, ataletewa pia “Somalia” na “Msomali”. Programu iliyotengenezwa kwa lugha ambayo neno halibadiliki sana huduwaa mbele ya kitenzi kinachobeba nafsi, wakati, mtendwa na kauli katika mkupuo mmoja. Halafu kuna “paa”, ambalo ni la nyumba, ni mnyama, ni kupanda angani, na ni kuondoa magamba ya samaki.

Kuanzia miaka ya 1980, Arvi Hurskainen wa Chuo Kikuu cha Helsinki alijenga programu inayolivunja neno la Kiswahili vipande vipande na kutaja kazi ya kila kipande. Juu yake ukasimama mkusanyo wa matini unaojulikana kwa jina la Helsinki, ambao toleo lake la pili lina maneno yapatayo milioni 25, yakiwamo ya magazeti na vitabu. Kwa mtunga kamusi, hilo lilibadili utaratibu wa kazi. Badala ya kukaa na visanduku vya kadi na kumbukumbu yake, huita mistari mia mbili yenye neno moja, akaisoma ikiwa imepangwa juu na chini, na kuona linatumikaje na wapi.

Tatizo ni kwamba mkusanyo wa magazeti hukijua Kiswahili cha magazeti. Kiswahili cha Lubumbashi hakimo, wala Kiamu cha baraza za Lamu. Pengo moja la aina hiyo lilizibwa kwa njia tofauti na wanaanthropolojia Johannes Fabian na Vincent de Rooij, walioweka mtandaoni matini za Kiswahili cha Kongo. Miongoni mwao imo historia ya mji wa Elisabethville, Lubumbashi ya leo, iliyoandikwa na André Yav mwaka 1965 kwa niaba ya wafanyakazi wa majumbani. Mtu akikipima Kiswahili kwa hesabu za magazeti peke yake, Yav anahesabiwa kuwa amekosea lugha. Akiwekwa katika hifadhi yake, anakuwa shahidi wa mji wake.

Upungufu huohuo unajitokeza kwa ukubwa zaidi katika historia ya utumwa. Hifadhidata ya SlaveVoyages, iliyoanza kama diski mwaka 1999 na kuingia mtandaoni mwaka 2008, ina kumbukumbu za safari zaidi ya 36,000 za meli za watumwa za Atlantiki. Mtafiti anaweza kuuliza meli ipi ilitoka bandari gani, mwaka gani, na watu wangapi waliokufa njiani. Makadirio yake ni kwamba Waafrika wapatao milioni 12.5 walipakiwa katika meli hizo. Hesabu hizo zimewezekana kwa sababu wenye meli walikuwa na bima, ushuru na madaftari. Majahazi mengi yaliyotoka Kilwa kwenda Unguja hayakuacha kumbukumbu za namna hiyo. Anayefungua ramani ya kompyuta na kuona Bahari ya Hindi imetulia asidhani ilikuwa tulivu.

Hifadhi zenyewe pia zina udhaifu wake. Oktoba 2023 wahalifu wa mtandaoni waliivamia British Library na kuvuruga mifumo yake kwa miezi mingi. Watafiti waliozoea kufungua katalogi na picha za miswada kwa kubofya walijikuta wamefungiwa mlango. Karatasi zilizopigwa picha zilikuwa zimetulia mahali pake, Lamu na kwingineko, chini ya uangalizi wa wenyewe.

Karatasi za namna hiyo zimo pia majumbani mwetu. Kuna sanduku la babu lenye barua za herufi za Kiarabu, daftari la hesabu za duka, kanda za kaseti za mashairi ya harusi, picha za studio za miaka ya 1960 ambazo hakuna tena anayemtambua aliyesimama kushoto. Msomaji mwenye sanduku la aina hiyo asiliache kwenye unyevu, wala asichome kilichomo kwa kuwa hakisomeki. Gazeti la Nyangwe nalo lilikuwa halisomeki. Afungue wikendi hii, amkalishe bibi au mjomba anayekumbuka, na nyuma ya kila picha aandike kwa penseli majina, mahali na mwaka.