Maji Usiyoyafika: Safari ya Maporomoko Saba ya Morisi

Wahenga hawakukosea waliponena kuwa maji usiyoyafika hujui wingi wake. Methali hii tunaikariri darasani, tunaiandikia insha na kupewa alama, kisha tunaisahau mara tu tunapoyaona maji yenyewe. Katika makala haya nataka kukueleza, msomaji mpenzi, jinsi watu wanavyotembea siku nzima kwenda kutazama maporomoko ya maji katika kisiwa cha Morisi, na kwa nini mwenye busara haendi huko bila kiongozi wa njia. Niliyaona haya kwa macho yangu likizo moja ya Aprili, nilipokuwa mgeni wa shangazi yangu anayefanya kazi huko. Hebu fuatana nami polepole.

Kwanza tukijue kisiwa chenyewe. Morisi, ambayo atlasi zetu huiandika Mauritius, iko katika Bahari Hindi, yapata kilomita 800 mashariki ya Bukini. Ni kisiwa kidogo chenye urefu wa kilomita 65 hivi na upana wa kilomita 45. Kilizuka baharini kutokana na volkano mamilioni ya miaka iliyopita. Kilele chake cha juu kabisa kina mita 828 tu. Ukikilinganisha na Mlima Kenya wetu wenye mita 5,199, bila shaka utacheka. Aidha, hakuna simba wala nyati wa kukutisha njiani. Basi kuna hatari gani? Nakuambia, hatari ni maji na mawe, nayo yatosha.

Katikati ya kisiwa kuna uwanda ulioinuka, ambako mji wa Curepipe umejengwa. Upepo wa kusini-mashariki, ndugu yake Kusi tunaoujua pwani yetu, huja na unyevu wa bahari. Ukifika kwenye uwanda huo hulazimika kupanda juu, unapoa, na unyevu ule hugeuka mvua. Ndiyo maana sehemu za uwanda hupata mvua ya milimita 4,000 hivi kwa mwaka, ilhali pwani ya magharibi hupata chini ya 1,000. Sasa angalia jambo hili kwa makini: unaweza kuwa umesimama bondeni upande wa magharibi, jua linakuchoma utosi, kumbe juu yako kilomita chache tu mvua inamwagika. Na kwa kuwa mito ya kisiwa ni mifupi na yenye mteremko mkali, maji yale hayachelewi kukufikia.

Si porojo ninayoisema. Tarehe 30 Machi 2013 mvua kubwa ilinyesha kwa muda wa saa chache tu huko Port Louis, mji mkuu wa Morisi. Mafuriko ya ghafla yaliwaua watu 11, na huo ni mji wenye barabara na mitaro, sembuse bonde la msituni!

Sasa tuyaendee maporomoko. Wafaransa waliyaita Sept Cascades, yaani maporomoko saba. Kwa Kiingereza huitwa Tamarind Falls. Wanachama wa Chama cha Kiswahili watafurahi kujua kwamba hiyo "tamarind" ni mkwaju wetu, na jina lenyewe lina asili ya Kiarabu lenye maana ya tende ya Kihindi. Maji hayaangukii mahali pamoja, bali hushuka kama mtu ateremkaye ngazi. Sababu ni kwamba volkano ilimwaga lava mara nyingi, tabaka juu ya tabaka. Tabaka laini huliwa na mto upesi, zile ngumu hubaki zikisimama kama vidato. Chini ya kila kidato maji yamechimba bwawa. Wengine huhesabu saba, wengine zaidi, kutegemea unachokiita poromoko na unachokiita kijiporomoko.

Safari huanzia kijiji cha Henrietta, ambako basi kutoka Vacoas hukomea karibu na mashamba ya miwa. Tulikuwa watu wanane na viongozi wawili. Yule mkubwa alikuwa mzee wa makamo, mkimya, na wote tulimwita Tonton, ambalo katika Kikrioli cha huko ni kama sisi kusema Mjomba. Nilidhani tutaanza kutembea mara moja. Wapi! Tonton alianza kwa kutukagua kama mwalimu wa zamu siku ya ukaguzi.

Alitazama viatu kwanza. Kijana mmoja alivaa raba zilizolika soli, akaambiwa abadilishe au abaki. Akatuuliza nani anajua kuogelea na nani hajui, na akataka jibu la kweli. Akahakikisha kila mtu ana maji ya kunywa, chakula, na nguo kavu katika mfuko usiopitisha maji. Yeye mwenyewe alibeba kamba, firimbi na kisanduku cha huduma ya kwanza. Mwisho akageuka, akautazama uwanda wa Curepipe kwa muda mrefu. Hakutazama mbele tunakokwenda, alitazama nyuma mvua inakotoka. Kisha akatutajia saa ya kugeuka: saa saba mchana, tuwe tumefika la saba au la tatu. Kwa nini? Kwa sababu kushuka ni rahisi kuliko kupanda, na mtu aliyechoka jioni ndiye anayeteleza. Isitoshe, giza bondeni huingia kabla ya jua kuzama, kwani kuta za bonde hulizuia.

Tukapita kando ya miwa, tukafika ukingoni. Ama kwa hakika, pale macho hayatosheki! Bonde limejaa kijani, maji meupe yananing'inia ukutani, na mbali kabisa bahari ya magharibi inameta. Ndege weupe wenye mikia mirefu myembamba walikuwa wakielea chini yetu, nami sikuwa nimewahi kumtazama ndege mgongoni akiruka.

Njia ya kushuka ni ya udongo mwekundu na mizizi. Hapa ndipo nilipojifunza kanuni ya kwanza: kati ya mikono miwili na miguu miwili, vitatu viwe vimeshika imara ndipo cha nne kisogee. Ya pili: mahali pa wima, geuza uso uelekee mlima, ushuke kinyumenyume kama unashuka mnazi. Ya tatu: mwachie mwenzako nafasi, ili akiangusha jiwe lisikupate kichwani. Tonton alitangulia, mwenzake akafunga mkia. Msafara ukiwa na kiongozi wa mbele tu, wa nyuma akipotea nani atajua? Palipokuwa pabaya zaidi walifunga kamba, tukateremka mmoja mmoja. "Dousman, dousman," alikuwa akituambia, yaani polepole. Nikakumbuka kwamba mwenda pole hajikwai.

Tukafika kwenye bwawa la kwanza. Maji safi, joto limetuzidi, na vijana tayari wanavua mashati. Tonton akasimama mbele yao. Kwanza, hakuna kupiga mbizi kutoka juu, kwa sababu jiwe lililo chini ya maji halionekani, na mafuriko ya jana yanaweza kulihamisha. Pili, hakuna kukaribia pale maji yanapoangukia. Wanaosoma fizikia watanielewa: maji yale meupe yamechanganyika na hewa, kwa hiyo uzito wake ni mdogo kuliko wa maji ya kawaida. Kwa kanuni ya Archimedes, maji mepesi hukuinua kidogo. Hodari wa kuogelea akiingia pale hujikuta anazama bila kujua sababu, huku mkondo ukimzungusha. Wanaokwenda kuogelea waogelee pembeni, palipotulia.

Kisha alifanya jambo dogo ambalo sitalisahau. Aliokota jiwe jeupe, akaliweka ukingoni mahali maji yanapokomea. Nikamuuliza, "Tonton, hilo ni la nini?" Akajibu kwamba hiyo ndiyo saa yake. Jiwe likiloa, mto unapanda. Akatueleza na dalili nyingine: maji kubadilika rangi kutoka safi kuwa ya kahawia, majani na vijiti kuanza kupita kwa wingi, na sauti ya maporomoko kuwa nzito. Ukiona moja kati ya hizo, usingoje ya pili. Toka mtoni, panda kando ya bonde, wala usikimbie kufuata mto, kwa maana mto unakimbia kukuzidi.

Tulipita la pili, la tatu, la nne. Kila tulipopumzika aliweka jiwe. Kwenye la nne tulikuwa tumevuka mto kwa kukanyaga mawe, tukaketi kula ng'ambo. Ilikuwa saa tano na nusu na jua linawaka. Tonton akatazama jiwe lake, akatazama juu, akapiga firimbi. Jiwe lilikuwa limeloa nusu. Akasema tunarudi, na tunaanza kwa kuvuka sasa hivi.

Mmoja wetu alikasirika. "Tumelipa kuona maporomoko saba, na tumeona manne!" Tonton hakupandisha sauti. Alimjibu, "Kijana, kukuonyesha maporomoko ni rahisi. Ulichonilipia ni kukurudisha." Akamshika mkono akamvusha. Tulipokuwa tumepanda kama dakika 20 tuligeuka kutazama chini. Yale mawe tuliyoyakanyaga hayakuonekana tena. Maji ya kahawia yalikuwa yakipita juu yake, na pale tulipoketi kula palikuwa kisiwa ndani ya kisiwa. Yule kijana hakusema neno mpaka Henrietta.

Pengine utasema: hayo ni ya Morisi, sisi yanatuhusu nini? Yanatuhusu sana. Katika korongo la Hell's Gate karibu na Naivasha, vijana 7 wa kikundi cha kanisa walifariki Aprili 2012 maji yalipowajia ghafla. Septemba 2019 watu wengine 7 walichukuliwa na maji katika mbuga hiyo hiyo, na mmoja wao alikuwa kiongozi wa watalii. Mungu awarehemu wote. Msiba huo unatufundisha kwamba kiongozi si hirizi. Yeye pia ni mwanadamu, na bonde likishajaa halimwulizi mtu cheti. Faida yake iko kabla ya maji kuja: kutazama mvua inakonyesha, na kuwa tayari kusema turudi. Nasi tukimlazimisha aendelee kwa sababu tumelipa, au kwa sababu tunataka picha, tumemnyang'anya kazi yake.

Kwa hivyo, wanachama wa vyama vyetu vya wanyamapori na vya kupanda milima, mnapopanga kwenda Thomson's Falls kule Nyahururu, Fourteen Falls karibu na Thika, au Karuru katika milima ya Aberdare, mwulizeni kiongozi maswali haya kabla ya kuondoka. Amepita njia hiyo mara ngapi, na ni lini mara ya mwisho? Anaongoza watu wangapi, na nani atakaa nyuma? Ana kamba na kisanduku cha huduma ya kwanza? Mvua imenyesha wapi tangu jana? Tutageuka saa ngapi? Mto ukipanda, tutatokea wapi? Akikuambia, "Msijali, hakuna shida," bila kujibu hata moja, tafuteni mwingine. Na mwacheni mtu mmoja shuleni anayejua njia mtakayopita na saa mtakayorudi, ili mkichelewa atafute msaada mapema.

Nimeulizwa mara nyingi kama sisikitiki kwamba sikuliona poromoko la saba. Nataka kuliona, kwa nini nikatae? Lakini liko pale pale, limekuwapo kabla ya Morisi kuwa na watu, na halina haraka. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na bondeni guu ni jambo dogo kati ya yanayovunjika. Tembeeni, wenzangu, mkaione dunia. Mradi tu mkumbuke kwamba safari haijaisha mpaka wote mliotoka mmehesabiwa mkiwa mmerudi.