Mwenye Macho Naye Huambiwa

Wahenga walinena kwamba mwenye macho haambiwi tazama. Majuzi, hapa nyumbani kwangu Ganjoni, niliuona upungufu wa kauli hiyo. Wanafunzi wangu sita walikuja kutazama picha za filamu alizopiga Mohamed Amin huko Korem, Ethiopia, mwezi wa Oktoba 1984. Niliizima sauti, nikawaomba wasimulie kwa Kiswahili yale wanayoyaona.

Kwa msomaji asiyemfahamu, Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam, na huko akaanzisha kampuni yake, Camerapix, mwaka 1963. Alikuwa kijana wa miaka ishirini tu. Aliyapiga picha Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964. Mwaka 1966 akafungwa huko huko Unguja kwa muda wa takriban mwezi mmoja, kisha akahamia Nairobi. Picha zake za mauaji ya Tom Mboya, Julai 1969, zilimpatia tuzo nchini Uingereza. Juni 1991, mlipuko wa ghala la silaha mjini Addis Ababa ulimpokonya mkono wa kushoto na kumuua mnasa sauti wake, John Mathai. Amin alirejea kazini na mkono wa bandia. Tarehe 23 Novemba 1996, ndege ya Ethiopia aliyoiabiri ilitekwa nyara, ikaanguka baharini karibu na Ngazija. Alikuwa miongoni mwa watu 125 waliofariki.

Picha za Korem zilitangazwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984. Michango ikamiminika, na Julai 1985 tamasha la Live Aid likafanyika London na Philadelphia. Hata hivyo, sauti iliyosikika haikuwa ya Amin. Msimulizi alikuwa Mwingereza Michael Buerk, ambaye aliifananisha njaa ile na njaa za zama za Biblia. Masimulizi yake yalikuwa fasaha na yenye huruma, wala simlaumu. Lakini njaa ya namna hiyo huteremka kutoka mbinguni. Haina mtu wa kuulizwa. Ilhali huko Ethiopia, pamoja na ukame, kulikuwa na vita baina ya serikali ya Mengistu na wapiganaji wa Tigray na Eritrea, na chakula kilifanywa silaha.

Turejee Ganjoni. Mwanafunzi wa kwanza alisema, "Watu hawa wamekumbwa na baa la njaa." Nikamwuliza, baa hilo limeletwa na nani? Akanyamaza. Wa pili akasema, "Wamenyimwa chakula." Hapo mjadala ukachemka, kwa kuwa kitenzi hicho hakimwachi msikilizaji atulie: wamenyimwa na nani? Wa tatu akapinga: "Mwalimu, hayo hayamo kwenye picha."

Alisema kweli. Picha ilionyesha maiti zilizoviringishwa nguo. Haikuonyesha aliyezuia chakula kisifike. Kazi hiyo ni ya maneno, na maneno yana mwenyewe. Amin alithubutu kumiliki kamera na kampuni wakati ambapo habari za Afrika zilipigwa picha na wageni. Alituachia nusu ya kazi. Nusu ya pili, yaani kuyasimulia tuyaonayo kwa lugha yetu, bado tunaikopa. Hata filamu *Mo & Me* ya mwaka 2006, ambamo mwanawe Salim anamkumbuka babake, ni ya Kiingereza.

Walimu wenzangu, zoezi hili halihitaji fedha. Zimeni sauti, waacheni vijana wateue vitenzi, kisha waulizeni kila kitenzi kinamtaja nani na kinamficha nani. Nanyi wanafunzi, mkishika kamera kesho, msiagize msimulizi kutoka mbali. Mwenye macho haambiwi tazama, ni kweli. Lakini huambiwa alichokiona, na asiposema mwenyewe atasemewa.