Filimbi ya Mpingo na Bata wa Maskati

Jamaa yetu mmoja amerudi Maskati kutoka Marekani na filimbi ya mbao ya kuitia bata mwitu. Tulipoigeuza mkononi tuliitambua mbao: mpingo, mti wa kwetu Kilwa na Lindi, ule unaochongwa klarineti huko Ulaya.

Anayechagua filimbi huanza na mbao. Mpingo ni mzito, haunywi maji upesi, na sauti yake ni kali, hufika mbali. Mbao laini ina sauti ya upole, lakini ikilowa huvimba. Ndani mna kilimi chembamba. Chenye kilimi kimoja huita kwa nguvu. Vilimi viwili humfaa anayejifunza.

Kupuliza nako kuna adabu zake. Usijaze mashavu, sukuma pumzi kutoka tumboni, kisha uikate ghafla. Viganja hufumba na kufumbua mbele ya filimbi. Sauti inayoigwa ni ya bata jike.

Sasa aipulize wapi? Majira ya baridi bata wa kaskazini hutua mabwawa ya Al Ansab, hapa hapa Maskati, yanayojazwa maji taka yaliyosafishwa. Aina hizo hizo hufika hadi Naivasha. Amri ya Kifalme namba 6 ya mwaka 2003 inawalinda ndege wa porini nchini Oman.

Tumemshauri achukue darubini, filimbi aiache nyumbani. Sisi tulio ugenini tumewahi kuitwa nyumbani kwa sauti tamu. Tunajua kinachoweza kumngoja msafiri nyuma ya matete.